Aliyekimbilia Migombani

Kitu cha kwanza Tulinagwe alichokiona kwa yule kijana kilikuwa kifungo. Shati lilikuwa jeupe, limepigwa pasi vizuri, lakini kifungo kimoja cha kifuani kilishonwa kwa uzi mwekundu. Akawaza: huyu hana mtu. Kisha akaona haya kwa kuwaza hivyo, akainamia maparachichi yake.

Soko la Tukuyu lilikuwa limefurika, na manyunyu yalipiga turubai.

"Dada, haya yameiva?"

"Keshokutwa yatakuwa tayari."

"Basi keshokutwa nakuja kukuona. Kuyaona, nilitaka kusema."

Esnath, muuza ndizi wa meza ya jirani, aliangua kicheko. "Kaka, mtanie polepole! Huyo anayeyuka."

Kijana aliitwa Ambwene. Alisoma chuo kikuu Dar es Salaam, na alikuja kukusanya hadithi za kale za Wanyakyusa na simulizi za ziwa la Masoko. Wazazi wake walikuwa wa huku huku, lakini yeye walimlelea Morogoro kabla ya wao kurudi kijijini, na Kinyakyusa chake kilikuwa cha kuokoteza. Akamwomba Tulinagwe awe mkalimani wake. Tulinagwe aliacha shule akiwa darasa la tano, na mbele ya watu sauti yake hupotea. Lakini bibi wa Masoko na Kyimo waliposimulia, alitafsiri vizuri, maana maneno hayakuwa yake.

Haikupita wiki, ikawa kila jioni Ambwene anampigia simu.

"Tuli wangu, umekula?"

"Nimekula."

"Umenikumbuka?"

"Salio lako litaisha."

"Liishe. Jibu kwanza."

Tulinagwe akacheka, akakata. Jibu alikuwa nalo.

Siku moja Ambwene alimpeleka Kisondela. "Leo tunamrekodi fundi wa hadithi," alisema, akificha tabasamu. Tulinagwe alivaa gauni la bluu na kitenge kipya begani. Walipoingia uani, mzee mmoja alitoka ndani, akacheka. Meno yalikuwa ya Ambwene, mwanya ule ule.

"Baba, huyu ndiye mkalimani wangu."

Tulinagwe hakuamua kitu. Mikono ilijifunika kitenge usoni, miguu ikageuka, na alipopata akili alikuwa katikati ya migomba, anahema, gauni limelowa umande. Mzee naye aligeukia ukuta. Hadithi haikusimuliwa.

Usiku ule ule simu iliita.

"Umeniaibisha, Tuli. Baba yangu ana pembe?"

"Hapana."

"Amekukosea?"

"Hapana."

"Basi sema!"

Angesema nini? Kueleza kwa nini alikimbia kungekuwa kujiposa mwenyewe. Alishika simu kwa mikono miwili, machozi yakimtoka kimya kimya.

"Kama hututaki, sawa," Ambwene alisema. "Jumatatu narudi Dar."

Siku zilizofuata simu haikuita tena. Esnath alimhimiza ampigie. Alibonyeza namba, akakata kabla haijaita.

Jumatatu asubuhi Ambwene alisimama mbele ya meza yake, begi mgongoni. Macho yalikuwa mekundu.

"Nimempigia baba kumuaga. Nikamwomba radhi kwa kile kituko. Alicheka mpaka akakohoa. Anasema huku mwanamke haonani uso kwa uso na baba wa mumewe. Akimwona, anajificha. Anasema yeye ameshapata mkwe, ila mimi ndiye sijaambiwa."

Tulinagwe aliokota parachichi, akaliweka. Akaliokota tena.

"Mila hiyo nilifundishwa darasani, Tuli. Sikujua kwamba nikiiona itakuwa imevaa gauni la bluu." Akasogea. "Ni kweli alichosema?"

Esnath aliacha ndizi zake, akawatazama. Kule stendi konda aliita abiria wa mwisho. Tulinagwe alifungua mdomo. Haikutoka hata pumzi. Uso wa Ambwene ukazima taratibu.

"Basi. Labda mzee amekosea." Akakaza mikanda ya begi, akageuka, akaanza kupenya kati ya wanunuzi. Shati jeupe likawa linamezwa na migongo ya watu.

"Hakukosea!"

Nusu ya soko iligeuka. Ambwene akasimama.

"Baba yako hakukosea," Tulinagwe alisema. "Mimi nilishakuwa mke wako siku nyingi. Umebaki wewe tu kuwa mume."