Alikuwepo, Lakini Hakuitika

Mangru alikuwa uani anakanda udongo kwa miguu. Harusi ya binti yake Sunaina ilibaki siku tisa, na vikombe vya udongo vya kunywea chai ya wageni vilikuwa bado havijachomwa. Mkewe, Phulmati, akaingia mbio. Hata ndoo kaiacha bombani.

"Baba Sunaina, polisi wamekuulizia pale kwa muuza tambuu! Wana hati ya kukukamata. Eti Jumatatu hukufika mahakamani."

"Sikufika? Si nilishinda pale mlangoni mpaka makalio yakafa ganzi?"

Kesi yenyewe ya mwaka jana. Mangru aligombania mfereji wa maji machafu na jirani, wakasukumana, jirani akashtaki. Mangru akapewa dhamana, shemeji yake akamdhamini. Sharti kubwa lilikuwa moja: kila tarehe ya kesi afike, na Jumatatu ndiyo ilikuwa ya kwanza.

"Naenda kujificha kwa mjomba," akasema, huku anatafuta shati. "Harusi ikipita nitarudi."

"Na mtoto atakabidhiwa kwa mumewe na nani? Na mbuzi nani atawalisha?"

Tabassum, fundi cherehani wa nyumba ya pili, alikuwa kasikia yote. Siku mbili kwa wiki anajitolea mahakamani, kwenye meza ya msaada wa sheria wa bure. Akaingia bila hodi.

"Kaka Mangru, ukikimbia umejimaliza. Leo bado una la kujieleza. Ukijificha, hakimu atasema huyu mtoro kweli. Dhamana anaweza kuifuta, na shemeji yako ataitwa ajibu. Si alisaini kwamba utafika?"

"Lakini nilikuwepo, dada!"

"Mlangoni waliita jina gani?"

"Mengi. Sijui Harilal, sijui Satyadev. Mangru sikusikia."

Wanawake wakatazamana.

"Satyadev si wewe?" Phulmati akauliza.

Mangru akaacha kutafuta shati. Satyadev lilikuwa jina la kwenye kitambulisho tu. Alizaliwa Jumanne, wakamwita Mangru, mtu wa Jumanne, na mtaa mzima haukumwita jingine. Hata mama yake alimwita hivyo.

"Umeitwa ukakaa tu?" Tabassum akauliza.

"Mara tatu," Mangru akakiri. "Nikasema moyoni, mjinga gani huyu hajaja?"

Phulmati alitaka kulia, akajikuta anacheka. Tabassum hakucheka.

"Kesho asubuhi twende. Unajipeleka mwenyewe, hungoji kuburutwa. Chukua kitambulisho na karatasi za dhamana. Shemeji naye aje. Wakili wa bure ataandika ombi la kufuta hati, na sababu utaisema kama ilivyo. Usiongeze chumvi."

Kesho yake Mangru alisimama mbele ya hakimu.

"Jumatatu ulikuwa wapi?" mama hakimu akauliza.

"Mlangoni pako, mheshimiwa. Waliita jina la kitambulisho, na mimi nimezoea la nyumbani."

Watu wakaangua kicheko. Hakimu akagonga meza. Akasoma ombi, akatazama kitambulisho, akamuuliza shemeji kama bado anamdhamini. Shemeji akasema ndiyo, tena kwa sauti.

"Hati nimeifuta. Dhamana inaendelea. Andikeni na jina la Mangru kwenye jalada. Ukikosa tena, usinililie."

Mangru akataka kutoka mbio. Tabassum akamdaka mkono. "Unaenda wapi? Subiri nakala zenye muhuri: moja yako, moja tuipeleke kituoni leo hii. Polisi wasipojua kwamba hati imefutwa, watakuja tu."

Wakangoja. Wakaipeleka. Askari akaandika kwenye daftari lake kwamba Mangru hatafutwi tena.

Siku ya harusi, msafara wa bwana harusi ukafika na matarumbeta. Baba mkubwa wa kijana akanyanyua mkono, muziki ukakatika.

"Tumesikia baba wa bibi harusi anatafutwa na polisi. Sisi hatuoi kwa wahalifu."

Shingo zote zikageuka. Phulmati akashika mdomo. Mangru wa wiki iliyopita angeruka ukuta. Huyu akapita katikati ya watu, akatoa kifuani ile nakala yake ya mahakama.

"Kesi ninayo, na sijahukumiwa. Nilitafutwa, nikajipeleka mwenyewe. Soma, mzee. Muhuri huo hapo."

Mzee akavaa miwani. Akasoma. Akasoma tena. Akaikunja karatasi taratibu, akamrudishia kwa mikono miwili.

"Wengine wangekimbia," akasema. Kisha akawageukia wapiga tarumbeta: "Mnangoja nini nyinyi? Pigeni!"

Wakapiga mpaka kunguru wakahama. Mangru akaingia kwenye banda la ndoa, akaushika mkono wa Sunaina, akamkabidhi mwenyewe kwa bwana harusi, mchana kweupe, mbele ya kila mtu.