Mnyapara Ndani ya Ukuta

Mzee Silverio Narcho alipitisha kiganja chini ya kichwa cha mtakatifu, akavuta pumzi, akanyanyua. Kichwa hakikunyanyuka.

Waliokuwa nyuma yake kwenye foleni wakaanza kuguna na kucheka. Kila sikukuu ya San Plácido, watu wa kijiji humwendea mtakatifu wao wa mti, sanamu iliyolazwa chali pembeni mwa kanisa, wakamnyanyua kichwa kidogo na kumbusu. Mwenye moyo mweupe hukiona chepesi. Mwenye jambo alilolificha hukiona kizito. Hata watoto wa miaka sita hukiweza.

"Mjomba, mwanamke gani huyo umemficha?" Delfino alimtania. "Kiri tu, tutamtunza."

Mzee Silverio hakucheka. Kwa miaka arobaini alikuwa na kisingizio kila sikukuu: leo mgongo, kesho mafua, mwaka mwingine gari limegoma. Mwaka huu binti yake, Verna, alikataa visingizio akamburuta mpaka pale kwa mkono. Baadaye Verna alijuta, na kujuta ni haki yake.

Jioni hiyo mzee alijilaza apumzike. Asubuhi kichwa chake hakikutoka kwenye mto. Mikono mizima, miguu mizima, ulimi mzima, ila kichwa kimelala kama cha yule mtakatifu. Hospitali walimpiga picha ya shingo wakasema shingo haina kasoro. Siku ya nne mto ulikuwa umekuwa bapa kama chapati. Siku ya saba ubao wa kitanda ulipasuka chini ya kichwa hicho, na mzee akawa anameza mate kwa shida. Dada yake, Shangazi Ofelia, mama yake Delfino, alimtazama kooni akatikisa kichwa.

"Kikizidi hivi kitamkaba," alimnong'oneza Verna. "Siku mbili. Tatu, kama Mungu ana huruma."

Verna alikuwa fundi wa lipu, na mwaka huo yeye na binamu yake Delfino walikuwa wanatengeneza kuta za kanisa. Kesho yake alikwenda kazini, kwa sababu kukaa nyumbani akiutazama ule ubao uliopasuka kulimshinda. Alikuwa anakoroga chokaa mlangoni wakati mtalii mmoja, mwanamke wa kofia pana, alipotoka ndani akitabasamu.

"Yule mzee anayeita majina ana sauti nzuri sana," alisema. "Ni maonyesho ya kila siku?"

"Mzee gani?"

"Kule kwenye chumba cha beseni la ubatizo. Sikumwona, nilimsikia tu."

Kule hakukuwa na mtu. Verna aliingia chumbani akakuta beseni, benchi, na ule ukuta wa kaskazini uliopakwa saruji ya kijivu tangu zamani. Ukuta ulikuwa na jasho, na nje mvua ilikuwa haijanyesha kwa miezi minne. Palikuwa na harufu ya ngozi iliyolowa, kama mkanda wa mtu aliyeshinda juani. Akaweka sikio. Akasikia kengele ndogo ikilia mbali, ndani kabisa ya udongo, kisha sauti ya mwanamume.

"Silverio."

Ikanyamaza, kama mtu anayempa mfanyakazi muda wa kutoka nyuma ya nyumba.

"Verna."

Watoto wa kijiji kile hufundishwa jambo moja kabla ya sala yoyote: ukiitwa ndani ya kanisa na aitaye humwoni, usiitike. Verna aliuma ulimi mpaka ukatoka damu. Akatoka kinyumenyume, akaenda moja kwa moja nyumbani, akasimama juu ya kitanda cha baba yake.

"Baba, kuna nini ndani ya ule ukuta?"

Mzee alifumba macho. Machozi yakamtoka yakateremka masikioni, maana kichwa chake hakikuweza kugeuka.

"Niliitika," alisema. "Nilikuwa kijana, peke yangu, natengeneza ufa. Nikasikia jina langu. Nikadhani ni babu yako, nikasema, 'Nipo.' Ufa ukacheka, mwanangu. Ukacheka! Nikakimbilia mfuko wa saruji nikaufunika ukuta mzima siku hiyo hiyo."

Wahenga walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Mzee Silverio aliuziba, na balaa lilianzia hapo hapo. Kila fundi wa nchi ya Wa-O'odham, wenyeji wa jangwa la mpakani mwa Marekani na Meksiko, anajua kwamba matofali ya udongo hayapakwi saruji. Hupakwa chokaa iliyokorogwa na maji ya mlenda wa dungusi, mmea wa miiba wa jangwani, ili ukuta upumue, kilichomo kitoke kidogo kidogo kwa jua. Saruji hufungia. Yeye alikuwa fundi, alijua, na hofu ikamshinda ujuzi. Kisha akanyamaza miaka arobaini. Mficha maradhi, kilio humuumbua.

"Ni Mnyapara," Shangazi Ofelia alisema kwa sauti ya chini. "Enzi za Wahispania ndiye aliyekuwa akiwapigia kengele wazee wetu watoke kubeba udongo. Asiyeitika alichapwa. Aliyeitika alibeba mpaka akaanguka. Alipokufa hakuna aliyekubali kumchimbia kaburi, basi mapadri wakamfukia ndani ya unene wa ukuta. Saruji ile lazima itoke."

"Si akae humo humo!" Delfino aliruka. "Amezoea. Tukibomoa saruji tunamfungulia mlango!"

"Anayekufa ni mjomba wako, Delfino."

Delfino akakaa.

"Kaka yangu aliitika," shangazi aliendelea, "kwa hiyo yule anamhesabu ni mtu wake wa zamu. Anambebesha, na siku alipomshika mtakatifu mzigo ukajitokeza. Na hajui kwamba zile siku zimepita, maana hakuna aliyewahi kumwambia kazi imekwisha. Wote walikuwa wanamwogopa."

"Nitamwambia mimi," Verna alisema.

"Wewe? Kwa ulimi huo huo unaonijibu nao mimi?"

"Huo huo, shangazi."

Shangazi Ofelia alibaki na mgonjwa. Verna na Delfino walifunga milango ya kanisa asubuhi, wakawaambia watalii warudi kesho, wakachukua nyundo na tindo. Saruji ya mtu mwenye hofu ni ngumu. Walipiga tangu saa moja, ikitoka vipande vya ukubwa wa kiganja, na kila kipande kilipotoka ile harufu ya ngozi ilizidi. Kufikia saa sita jua lilikuwa utosini na ndani ya chumba kulikuwa na baridi ya kisimani. Delfino aliacha kutania. Hilo peke yake lilimtisha Verna kuliko harufu.

Kengele ikalia.

"Verna," Delfino alinong'ona. "Tuondoke."

"Nenda ukitaka. Niachie tindo."

Hakwenda. Alisogea karibu naye, na Verna anampenda kwa hilo mpaka leo.

"Delfino," ukuta uliita. Delfino akajiziba mdomo kwa mikono yote miwili. "Verna." Verna akapiga nyundo. Kisha, kutoka nyuma ya bamba la mwisho la saruji, pana kama mlango, ikaja sauti ya Mzee Silverio mwenyewe, na kikohozi chake, na namna yake ya kuvuta jina la binti yake, ikisema Verna mwanangu niitikie, nakufa, nimekaa gizani miaka arobaini nimebeba tofali kichwani na hakuna anayenitua, sema neno moja tu, sema upo, na Verna akahisi neno lile limekwisha kupanda kooni, limefika kwenye meno, linasukuma, huku baridi ikimtambaa shingoni na kichwa chake kikianza kuwa kizito, kikiinama chenyewe kuelekea sakafuni kama kwamba mtu ameweka kiganja utosini mwake na anakandamiza bila haraka, akijua kwamba wote huinama mwishowe.

Hasira ndiyo iliyomwokoa. Kuigiziwa baba yake! Alikaza shingo, akainua kichwa mfupa kwa mfupa mpaka akautazama ukuta usoni.

"Nani anauliza?" alisema.

Kengele ikakatika katikati ya mlio.

"Nakuuliza wewe! Unaita majina ya watu kwenye nyumba ya nani? Udongo huu walibeba bibi zangu. Maji walichota wao, majani walikanyaga wao. Wewe ulibeba nini? Mjeledi. Mjeledi haujawahi kujenga hata choo. Sasa nisikilize, kwa sababu hakuna aliyewahi kukwambia. Kazi imekwisha! Ukuta umesimama, waliousimamisha wamelala, na baba yangu hana zamu kwako. Toka!"

Akapiga. Bamba lote likaanguka, na upepo wa uvundo ukatoka ukamtupa Delfino kwenye benchi, ukapita kanisani ukizima mishumaa, ukagonga mlango mkuu uliofungwa, mara moja. Ukaishia hapo hapo.

Nyuma ya saruji hapakuwa na mifupa. Palikuwa na udongo mbichi uliolowa, umejaa alama za viganja vya watu wa kale, vingi vidogo, vya wanawake na watoto. Verna aliweka chake juu ya kimoja. Kilimtosha. Akalia kwa sauti bila aibu.

Simu ikaita mfukoni mwa Delfino. Akaitazama kama anayetazama nyoka.

"Pokea," Verna alisema. "Huyo ni mama yako."

"Amekaa!" Shangazi Ofelia alikuwa akipiga kelele. "Amekaa kitandani, anadai kahawa na maharage, na ananiambia nimeyaunguza!"

Walipaka ukuta ule chokaa yenye mlenda wa dungusi, tabaka sita nyembamba, na ukakauka ukawa mweupe. Sikukuu iliyofuata Mzee Silverio alikuwa wa kwanza kwenye foleni. Alikinyanyua kichwa cha mtakatifu kwa vidole viwili, akawageukia watu kama bondia aliyeshinda, nao wakampigia makofi.

"Mjomba, punguza maringo," Delfino alisema, "utamwamsha."

Ikafika zamu ya Verna. Aliinama, akanyoosha mkono. Kabla vidole havijagusa mti, kichwa kilinyanyuka chenyewe kikaja kumkuta kiganjani, na pua ya Verna ikakutana na harufu ya ngozi iliyolowa. Mlango mkuu, alikumbuka, ulikuwa umefungwa siku ile. Kilichogonga hakikutoka; kilihamia humu ndani ya mti.

"Verna," midomo ya mti ilisema taratibu, kwa adabu, kama mtu anayeomba kazi.

Nyuma yake watoto walikuwa wanasukumana wakingoja zamu yao. Verna aliweka kiganja juu ya lile paji la uso. Likasukuma. Naye akasukuma, shingo imesimama wima, mpaka kichwa kikarudi chini kwenye mto wake.

"Lala," alikiambia. "Hapa tunanyanyua sisi."

Akabaki amekishika hivyo hivyo, na kwa mkono wa pili akawaita watoto waje kukibusu mmoja mmoja.