Choo cha Kuwekea Chokaa

"Kamati ya Uwanja inawatangazia wananchi wote kwamba bendera za kona, zilizokuwa nyekundu, kuanzia leo ni za njano. Wananchi wanaombwa kuyapokea mabadiliko haya kwa utulivu."

Tangazo lilibandikwa langoni mwa uwanja, na wananchi waliyapokea mabadiliko kwa utulivu. Fundi bomba alilisoma akipita. Hakusimama. Binti yake alikuwa mgonjwa tena.

Binti huyo alicheza winga katika timu ya wasichana ya mtaa. Wenzake walimwita Mwewe, kwa jinsi alivyonyakua mpira miguuni mwa watu. Jumapili ilikuwa mechi ya mchujo, na kocha wa timu ya mkoa angekuja kuchagua wachezaji. Mwewe aliisubiri mwaka mzima. Sasa alikuwa akitoka chumbani kwenda chooni, akirudi, kisha akitoka tena.

"Wewe, mbona hutulii?" mama aliuliza.

"Haja inabana, mama. Nikifika, matone tu. Nayo yanachoma kama pilipili."

"Mpira huo! Nilisema mimi. Mwili wa msichana haukuumbwa kwa purukushani."

"Kaka anacheza mpira huohuo. Mbona haumwi?"

"Kaka yako ni kaka yako."

Hoja hiyo haikujibika, kwa kuwa haikuwa hoja.

Fundi bomba alikaa, akasimama, akaenda kukaza bomba la jikoni ambalo halikuwa limelegea.

"Jumapili huchezi," alisema akiwa hukohuko.

Mwewe hakulia. Alikwenda chooni.

Mama alimwita jirani yao, muuguzi wa zahanati. Muuguzi alifika na sare yake, akakataa kiti.

"Siku ya mazoezi unakunywa maji kiasi gani, mwanangu?"

Mwewe alitazama sakafu. "Sinywi, shangazi. Tangu asubuhi mpaka nirudi nyumbani."

"Na haja ikikujia uwanjani?"

"Naibana. Timu nzima tunabana."

"Mnabana nini?" baba aliruka. "Uwanja una vyoo viwili. Nimevifungia mabomba kwa mikono yangu hii!"

"Cha wanaume kipo, baba. Cha wanawake wanawekea chokaa ya kuchorea mistari. Kina kufuli."

Fundi alikaa. Safari hii hakusimama.

"Sasa mbona hukusema?"

"Ningesema, mngeniachisha mpira."

Baba na mama walitazamana. Hakuna aliyekanusha.

"Mpira hauna kosa," muuguzi alisema. "Mkojo ukikaa sana kibofuni, vijidudu hupata nafasi ya kuzaliana. Usipokunywa maji, hakuna cha kuvisukuma nje. Fundi, bomba la maji machafu lisilopitisha maji huwaje?"

"Hunuka. Halafu huziba."

"Basi umekwisha kuelewa. Kesho asubuhi aje, mkojo upimwe. Akipewa dawa, azimalize zote, hata maumivu yakiisha. Akipata homa au maumivu ya kiuno, arudi haraka. Anywe maji kabla ya mazoezi, katikati na baadaye. Haja ikija, aende."

"Niende wapi?" Mwewe aliuliza.

"Hilo, mwanangu, zahanati haina dawa yake."

Asubuhi mama alimpeleka binti kupimwa. Kweli, yalikuwa maambukizi ya njia ya mkojo. Fundi alikwenda kwa katibu wa Kamati ya Uwanja kuomba choo cha wanawake kifunguliwe.

"Chokaa ikilowa inaharibika, fundi," katibu alieleza.

"Na mtoto akiumwa?"

"Mtoto ana kwao. Chokaa haina kwao."

Katibu aliahidi kulifikisha suala hilo kikaoni. Aliahidi kwa sauti ya mtu anayefunga dirisha.

Mama hakusubiri kikao. Ng'ambo ya uwanja palikuwa na duka la mshona nguo, lenye choo uani.

"Shoga, tutakisafisha choo chako kwa zamu. Waache wanangu waingie."

"Waingie, ila wasinikanyagie vitambaa. Na huyo Mwewe asininyakulie mkasi!"

Tangu siku hiyo wasichana walivuka barabara wawili wawili. Mama alileta ndoo ya maji yaliyochemshwa na kikombe cha kila mmoja. Fundi aliibeba ndoo hiyo mwenyewe, hadharani, na watani wake wa kijiweni walimwita "kocha". Aliongeza ndoo ya pili.

Jumapili muuguzi alimpima Mwewe tena, akamruhusu kucheza. Mechi ilikwenda sare mpaka karibu na mwisho. Wapinzani walikuwa wameshika viuno, midomo imewakauka. Wao hawakunywa, kwa sababu ileile. Mwewe alinyakua mpira katikati ya uwanja, akakimbia pembeni, akaingia ndani, akafunga.

"Mwanangu huyo!" mama alipiga kelele. "Aliyesema hakuumbwa kwa purukushani ni nani?"

"Ni wewe," fundi alisema.

Kocha wa mkoa alimfuata Mwewe baada ya filimbi. "Wengi hukimbia mwanzoni. Mimi hutazama dakika za mwisho. Jumatatu uje mazoezini."

Wiki iliyofuata Kamati iliketi, ikatoa uamuzi. Ulibandikwa langoni, ukiwa na mhuri:

"Baada ya kutafakari kwa kina malalamiko kuhusu afya ya wachezaji wa kike, Kamati imeamua kwamba mechi zote za wanawake zipunguzwe dakika kumi za mwisho, ili wachezaji wawahi kurudi makwao kujisaidia."