Gauni la Mama wa Bwana Harusi

Ndugu zangu, mnaikumbuka baraza ya mama fundi cherehani? Mchana kutwa cherehani iliimba, nasi watoto tukigombania vipande vya vitambaa. Ulimpelekea sare iliyochanika, akaitupia jicho mara moja tu, mkono ukaenda kwenye uzi wa rangi ile ile. Siku tamu zile, jamani! Nazikumbuka hadi leo.

Mwanawe wa pekee alipopata kazi mbali, akawa mtu wa simu. "Mama, hujambo?" "Sijambo, mwanangu." Basi, imetosha. Miaka ikapita hivyo.

Akaposa. Mama akaambiwa achague rangi ya gauni lake la harusi.

"Bluu," akasema, "kama nililovaa nikiolewa na marehemu baba yako."

Akanunua kitambaa mwenyewe, akashona mwenyewe. Harusi ilipokaribia, kijana akaja na mchumba wake kuliona gauni. Likafunuliwa. Jeusi tititi!

Kijana akawaka. "Mama, unakuja harusini au msibani? Kama humtaki mwenzangu, si useme!"

"Jeusi? Hiyo si bluu, mwanangu?"

"Usinifanye mtoto! Kama ni hilo, baki nyumbani." Akatoka, mlango ukalia nyuma yake.

Mchumba hakumfuata. Alikuwa akitazama pindo: huku uzi wa kahawia, kule wa kijani. Fundi yule, na nyuzi zile?

"Mama," akauliza taratibu, "macho yalianza lini?"

Mama akalia. "Zamani, mwanangu. Yeye huniuliza hujambo, nami hujibu sijambo. Ningesema nini?"

Binti akamwita mwenzake arudi ndani, akamwonyesha nyuzi zile. Harusi ikasogezwa mbele, mama akapelekwa hospitali, akatolewa mtoto wa jicho. Siku ya kufunguliwa bandeji, kijana alikuwa amepiga magoti mbele yake. Mama akamtazama kwa muda mrefu.

"Mbona umekonda hivi? Na mvi hizi, baba, zimeota lini?"

Kijana alilia kama mtoto mdogo.

Kisha mama akaonyeshwa gauni, akacheka hadi akashika mbavu. "Kweli, hili la msibani!" Harusini alivaa bluu, na sote tuliiona furaha ya baraza ile ya zamani usoni mwake.

FUNZO

Fimbo ya mbali haiui nyoka, na simu haimtunzi mzazi. Nenda, keti naye, mtazame. Kabla ya kumuuliza mama atavaa rangi gani, hakikisha kwanza kama anaiona.