Amri Ukutani, Mtaro Uwanjani

Ukiolewa na seremala, maranda utayakuta hata kwenye chai. Mama Pacha alikuwa ameshayazoea. Kilichomchosha wiki hiyo ni fremu.

Mume wake aliitengeneza mwenyewe, kwa mbao ngumu na kioo. Akaitundika sebuleni. Ndani yake aliweka karatasi ya mahakama yenye mhuri. Kila mgeni alisimamishwa mbele yake.

"Soma hapo, shemeji," seremala alisema. "Mahakama imesema. Bwana Mashine kwisha habari yake!"

Bwana Mashine alikuwa jirani yao, mwenye mashine ya kusaga. Alidai kwamba nusu ya uwanja wa nyuma ni wake. Katika uwanja huo seremala alianika mbao zake. Bila uwanja hakuna mbao kavu. Bila mbao kavu hakuna kitanda wala mlango wa kuuza, na watoto watakula nini? Kwa hiyo alifungua kesi, akaomba amri ya haraka, akapewa.

Asubuhi hiyo Mama Pacha alisikia sururu ikigonga nyuma ya nyumba. Alitoka mbio. Wanaume wawili walikuwa wakichimba mtaro wa msingi. Walikuwa wameanzia ukutani kwa Bwana Mashine, na sasa walielekea kwenye mbao. Bwana Mashine mwenyewe alishika kamba ya kupimia.

"Jirani, mahakama imekataza!" alisema Mama Pacha.

"Mahakama gani, mama? Mimi sijaletewa karatasi yoyote. Nasikia tu mumeo anatamba mtaani."

Mama Pacha alirudi ndani. Seremala alikuwa anakunywa chai.

"Baba Pacha, Bwana Mashine amepata nakala ya ile amri?"

"Ya nini? Mshindi ni mimi."

"Sasa atajuaje kwamba amekatazwa?"

"Mtaa mzima unajua!"

Mama Pacha alishika kichwa. Kuongea na mtu huyu ni kumpigia mbuzi gitaa. Alipomweleza habari ya mtaro, seremala aliruka akachukua shoka.

"Leo atanitambua!"

"Weka chini!" Mama Pacha alisimama mlangoni. "Ukitoka na hilo shoka, utanipita mimi kwanza. Kaa hapo. Naenda kumwita Bi Karani."

Bi Karani alikuwa jirani wa nyumba ya tatu. Alikuwa karani wa mahakama miaka mingi kabla ya kustaafu. Alikuja, akavaa miwani, akaitazama fremu.

"Nani ameipigilia hii?"

"Mimi, shikamoo," alisema seremala kwa fahari.

"Marahaba. Karatasi umeifunga jela, na unayemshtaki yuko huru anachimba."

Mama Pacha alitaka kucheka, lakini hasira ilimzuia.

"Nisikilize, mwanangu," alisema Bi Karani. "Hii ni amri ya muda. Haijasema uwanja ni wako. Haijasema ni wake. Imesema hali ibaki ilivyo mpaka kesi isikilizwe. Yeye asijenge, na wewe usijenge. Yeye asiuze, na wewe usiuze."

"Na mimi tena? Si mimi ndiye niliyeiomba!"

"Na wewe tena."

"Na ule uzio niliotaka kuweka kesho?"

"Usithubutu. Tena amri lazima imfikie. Nenda mahakamani sasa hivi, uombe mpeleka samansi, yule mtumishi wa mahakama anayepeleka karatasi, ampelekee nakala. Atasaini kwamba ameipata. Akichimba tena baada ya hapo, ameidharau mahakama. Piga picha, tafuta mashahidi, rudi kwa hakimu. Shoka si shahidi. Na kesi inasikilizwa lini?"

Seremala alikuna kichwa. Mstari wa mwisho wa karatasi ulikuwa umefunikwa na mbao za fremu.

Mama Pacha hakungoja. Alichukua bisibisi, akaifungua fremu mwenyewe. Mstari ulisema: kesho kutwa, saa tatu asubuhi.

"Usingefika, amri ingeweza kufutwa," alisema Bi Karani.

"Miaka kumi na minne!" Mama Pacha alipiga kelele. "Miaka kumi na minne nakwambia, soma mpaka mwisho!"

Seremala alivaa viatu, akaenda mahakamani.

Mchana huo huo mpeleka samansi alifika kwa Bwana Mashine. Bwana Mashine alisoma, akasoma tena, akanuna, akasaini. Sururu zikawekwa chini. Mtaro ulikuwa na urefu wa hatua mbili tu.

Siku ya kesi wote wawili walifika. Hakimu aliongeza muda wa amri, akaagiza mpima ardhi aje uwanjani. Miezi saba ilipita. Hakuna aliyejenga, hakuna aliyegusa. Mbao ziliendelea kukauka.

Kisha hukumu ikatoka. Uwanja ni wa seremala, isipokuwa hatua mbili zilizo karibu na mashine. Hizo ni za Bwana Mashine, tangu zamani.

Jioni seremala alisimama na mkewe mbele ya ule mtaro. Ulianzia ukutani, ukaishia kwenye kigingi kipya cha mpima. Haukuwa umevuka hata kidogo.

"Mama Pacha," alisema kwa sauti ndogo, "ningempiga mtu shoka ndani ya kiwanja chake mwenyewe."

"Ungempiga," alisema mkewe. "Na leo tungekuwa tunakuletea chakula gerezani."