Kidonge Kabla ya Tonge la Kwanza

Mvua ya Juni ikiamua kukaa mjini Kanazawa, hukaa kweli. Siku hiyo soko la Omicho lilijaa zaidi watu waliokimbilia paa lake kuliko waliokuja kununua samaki. Fumie alichomoa mwavuli wa plastiki aliodhani ni wake kwenye ndoo ya mlangoni, akashika njia. Hakufika mbali. Mwanamume mwenye aproni nyeupe alimfuata mbio, nywele zimelowa chepechepe, mkononi ana mwavuli mwingine wa aina ileile.

"Samahani, dada. Huo ni wangu."

"Umejuaje? Yote inafanana."

"Wangu una kiraka. Hebu tazama juu."

Kweli, juu ya kichwa chake palikuwa na kiraka cha plastiki ya buluu. Fumie akacheka mpaka begi likamteleza begani.

"Basi chukua, maana unayelowa ni wewe."

"Acha nilowe kidogo zaidi. Unaelekea wapi?"

Aliitwa Kiyoharu, na duka lake la vitamutamu lilikuwa hatua chache kutoka pale. Alikuwa na sauti ya mtu asiye na haraka, na mikono iliyonukia sukari iliyochemka. Walipofika mlangoni pake alimpa manju moja, kitonge cha maharage mekundu yaliyopikwa kwa sukari ndani ya ngozi laini ya unga inayopitisha mwanga, imefungwa kwa jani. Fumie akasema ataila nyumbani. Huo ulikuwa uongo wake wa kwanza.

Fumie alikuwa na kisukari, mwaka wa tatu sasa. Dawa yake ilikuwa kidonge kidogo cheupe cha kuzuia sukari ya chakula isikimbilie damuni kwa pupa, na kilikuwa na masharti kama bibi harusi: kimezwe papo hapo kabla ya tonge la kwanza. Ukishakula kwanza, umechelewa. Daktari alimpa njia ya kukumbuka. Unapounganisha viganja na kusema "Napokea", kama kila mtu anavyosema mbele ya chakula, kidonge kiwe tayari ulimini.

Kwa hiyo hakikuwa kitu cha kumeza kwa siri. Na Fumie alitaka siri. Aliwahi kuwa na mchumba, na mama wa mchumba huyo alipokiona kidonge mezani, uchumba ukaisha kabla supu haijapoa.

Kila Alhamisi yeye na Kiyoharu walitembea kando ya mto Asano, bega kwa bega chini ya mwavuli wenye kiraka, huku taa za mikahawa zikitetemeka majini. Fumie alifanya kazi ya kukata majani ya dhahabu iliyopondwa ikawa nyembamba kuliko karatasi, mepesi kiasi kwamba ukipumua vibaya yanaruka. Akiwa na Kiyoharu, alijikuta anapumua ovyo. Jioni Kiyoharu alimpigia simu kumuuliza amekula nini, amevaa nini, na kama lile gauni la kijani bado linagombana na pasi. Alilala akitabasamu. Lakini walipokula pamoja aliunganisha viganja, akasema "Napokea", na kidonge kikabaki mkobani. Manju zote alizopewa kila Alhamisi alimpelekea jirani yake, Bi Okuda.

Bi Okuda hakuwa na ubaya, ila alikuwa na mdomo. Siku moja alipita dukani kumshukuru mwenye duka kwa manju za kila Alhamisi. Jioni ile simu ilipolia, sauti ya Kiyoharu ilikuwa nyingine.

"Umewahi kula hata moja?"

Fumie akahamishia simu sikio la pili.

"Fumie, nakuuliza."

"Hapana."

"Ungeniambia tu kwamba hupendi. Mimi naamka alfajiri kukuchagulia ile iliyo nzuri kuliko zote, wewe unagawa."

Alitaka kusema. Akamkumbuka mama wa yule mchumba akisukuma kiti chake nyuma, akaacha. Kiyoharu akakata simu. Alhamisi mbili zilipita. Fumie alimkumbuka kwa namna iliyouma mwili, na majani ya dhahabu yakamrukia kila upande.

Daktari alipoona majibu ya damu akavua miwani. Sukari ilikuwa imepanda tangu Juni. Fumie akaeleza yote huku ametazama viatu vyake.

"Kidonge kinalinda macho yako na figo zako," daktari akasema. "Mwanamume anayekufanya ukifiche, mpe nafasi ajue. Akiondoka, macho yatabaki."

Alitoka hapo moja kwa moja hadi dukani. Kiyoharu alikuwa peke yake, anafuta kaunta iliyokwisha kung'aa. Fumie akaweka bahasha ya dawa mbele yake.

"Si kwamba sipendi," akasema. "Nina kisukari. Niliogopa utaniacha, na nimekuwa nikila na wewe bila dawa."

Kiyoharu aliisoma bahasha, akarudia kuisoma. Kisha akaingia jikoni, pazia likaanguka nyuma yake. Fumie alisubiri. Alipoona harudi, akachukua mwavuli mlangoni bila kuutazama, moyo umevunjika.

"Unakwenda wapi na mwavuli wangu?"

Alikuwa na sinia. Juu yake glasi ya maji, na manju iliyokatwa mpaka ikabaki kipande cha ukubwa wa ukucha.

"Kidogo hivi daktari anaruhusu?"

"Kidogo hivi, na kidonge kwanza."

"Ningejua, ningekata vipande hivi tangu Juni." Akaonyesha bahasha. "Hapa wameandika mara tatu kwa siku, papo hapo kabla ya kula."

"Ndiyo."

"Asubuhi, mchana na jioni. Nataka niwepo mara zote tatu, Fumie. Nikumiminie maji. Kila siku, mpaka tuzeeke."

Nje mvua iliendelea, na dukani mwanga wa mchana ulipenya ule ukucha wa manju. Fumie alitoa kidonge kwenye bahasha, bila kukificha, mbele ya mtu aliyempenda, akakiweka ulimini. Akaunganisha viganja. Macho yake hayakuwa kwenye sinia. Yalikuwa kwa Kiyoharu.

"Napokea," akasema.