Hatua za Kihara

Debra tunauza naye nguo soko la Dagoretti, na si mtu wa kutia chumvi. Mumewe, Kihara, alikuwa akiwapandisha watalii Mlima Kenya. Mwaka juzi ukungu ulimfunika chini ya kilele cha Batian. Alitafutwa siku tisa, hakuonekana.

Jumapili moja jioni, mvua ikianza, Debra alitoka nyumbani kwake mtaa wa Satellite akapanda kuanua nguo juu ya paa la ploti, jengo la ghorofa alimopanga. Stima ilikuwa imepotea, na kwenye ngazi giza lilikuwa totoro. Alipofika orofa ya tatu, akasikia mtu mbele yake akipanda polepole, akihema kama aliyeishiwa na hewa.

“Ni nani?” akauliza.

Hatua zikasimama.

“Debra,” sauti ya Kihara ikasema kwa uchovu, “bado ni mbali?”

Hakuogopa, ananiambia. Alimhurumia tu, machozi yakamtoka.

“Umefika, Baba Kui. Shuka twende nyumbani.”

Hatua zikaendelea kupanda, kisha zikanyamaza. Debra akazifuata akipapasa ukuta. Mlango wa paa ulikuwa na kufuli, na ufunguo alikuwa nao yeye. Akainama kwenye ngazi ya mwisho. Vidole vyake vikagusa theluji, ngumu, iliyochapwa soli ya kiatu.